Kwa Nimwaka, Kuhusu Ule Mwaka Mmoja

Majoreni, baada ya alasiri

Mwanangu Nimwaka,

Nakusalimu kwanza, ingawa jioni tutakula sahani moja, kwa sababu sijui kuanza barua bila salamu na nimezeeka mno kujifunza. Nimeshaswali. Nimekaa barazani na mguu wangu mbovu nimeulaza juu ya kiti cha pili kama bwana harusi, daftari liko pajani. Wewe ulikwenda Msambweni tangu asubuhi kumwona shangazi yako, na mamako mdogo Mejumaa amekufuata Ukunda mkatafute sweta. Mimi ndiye niliyemtuma akuzuie huko mpaka jioni, nipate kuandika. Sababu utaiona mbele.

Sitakuandikia habari za viatu vya kufunika, wala kula kwa wakati, wala magari ya Nairobi. Hayo Mejumaa ameyasema wiki nzima, na akikosa jipya anarudia la jana. Nataka kukuandikia juu ya neno ulilolisema jana tulipokuwa tunakula chakula cha mchana. Uliinua uso kutoka kwenye wali ukasema, "Mama, nimefikiri. Nitaahirisha mwaka mmoja tu. Mguu wako haujapona, msimu wa kupanda miche ndio huu unaingia, na chuo hakikimbii."

Halafu ukaendelea kuchambua samaki, kana kwamba umesema utachelewa kurudi kutoka sokoni. Begi lako liko wazi kitandani tangu wakati huo, limejaa nusu.

Nilikuambia tutazungumza, na ukadhani nimefurahi nikakosa la kusema. Mejumaa ndiye aliyeelewa. Aliacha kula, akaniangalia, kisha akainuka kwenda kuleta maji, na jagi la maji lilikuwa mbele yake.

Maneno yale ni yangu, mwanangu. Mwaka mmoja tu, chuo hakikimbii. Niliyasema mimi, kwa huyohuyo aliyeinuka, kabla wewe hujazaliwa.

Katika nyumba yetu aliyekuwa na kichwa cha shule ni Mejumaa. Mimi niliacha darasa la saba, na wala sikuacha kwa dhiki, niliacha kwa sababu nilipenda kuuza. Niliuza viazi karai, nikauza makuti, na nilipojua kwamba hoteli za Diani zinataka nguzo za mikoko kwa mapaa yao, nikafungua yadi ya boriti pale Ukunda. Nilikuwa na wakataji huku Majoreni na malori ya kukodi, na mafundi wa hoteli waliniita Bi Mwanasha wakiwa wamesimama. Mwaka huohuo Mejumaa aliitwa chuo cha ualimu. Mimi nilihitaji mtu wa kukaa yadini nikiwa safarini, mtu ambaye sina haja ya kumchunga. Nikamwambia, "Nisaidie mwaka mmoja tu, mdogo wangu. Chuo hakikimbii." Akasema, "Haya, dada." Hakuuliza la pili.

Alikaa miaka kumi na moja. Mwaka wa pili nilimwambia tungoje ile hoteli kubwa imalizike kuezekwa. Mwaka wa tatu ukazaliwa wewe, na babako, Mungu amrehemu, akafariki hujaanza kutembea, na nani angekulea mimi nikiwa barabarani. Baada ya hapo sikumwambia kitu tena, wala yeye hakuniuliza. Barua yake ya kuitwa chuoni ilikaa kabatini kwa mama mpaka mchwa wakaila pembe.

Usidhani nilikuwa nikimtesa. Nilimvisha vizuri kuliko nilivyojivisha mimi, na kila Idd alipata bangili. Hivyo ndivyo mtu anavyofungwa na ndugu yake, mwanangu. Anatendewa wema mpaka anaona haya kuondoka. Ningemtesa, angekwenda zake mwaka wa kwanza na leo angekuwa mwalimu mkuu mahali fulani, anawachapa watoto wa watu kwa kuchelewa.

Nataka unijue nilivyokuwa, kwa sababu wageni wanaokuja hapa kupiga picha wanakuonyesha mimi wa leo tu. Wananiita Mama Mikoko, na nikilisikia jina hilo huwa nachekea ndani ya ushungi. Watu wa hapa walinijua kwa jina la Mwanasha Boriti, na hawakulisema kwa kunisifu. Nilikuwa na kibali cha kukata upande mmoja wa hori, ule mkono wa bahari unaoingia nyuma ya kijiji. Upande huo ulipokwisha nikaingia na upande wa pili, bila kibali, na hakuna aliyenilazimisha. Nikiuangalia mti sikuona mti. Niliona boriti iliyosimama, na hesabu ya lori.

Akina mama waliokuwa wakitanda duvi, wale kamba wadogo wa baharini, kwa vitambaa pale kwenye mizizi walinipisha nikipita na wakataji wangu. Siku moja Bi Mwanakombo, jirani yake mama, alisimama majini akaniambia, "Mwanasha, duvi wanapungua." Nikamjibu, "Shikamoo, Bi Mwanakombo. Bahari ni kubwa." Nikapita. Lori lilikuwa limewashwa.

Bibi yako hakunigombeza hata siku moja. Ilikuwa Idd, nimetoka Ukunda na gari limejaa, madera, unga, sukari, tende, mpaka feni la kusimama la nyumba ambayo haikuwa na umeme. Mama akanipikia chai. Nilipoionja nikacheka, nikamwambia, "Mama, leo umetia chumvi badala ya sukari."

"Sukari imo, mwanangu," akasema. "Ni kisima."

"Kimekuwa hivi tangu lini?"

"Tangu mwaka juzi."

"Mbona hukuniambia?"

"Ulikuwa na kazi."

Aliyasema bila kinyongo, akaniongezea chai. Hori lilikuwa halina tena mizizi ya kulizuia, na bahari ilikuwa imekuja chini kwa chini mpaka kisimani kwa mamangu, na yeye alikuwa akinywa chai ya chumvi kila asubuhi wakati mimi naezeka mapaa ya wageni. Nilikimaliza kikombe kile. Sikulia mbele yake. Nililia garini, tena kwa hasira, nikimkasirikia yeye kwa kuninyamazia. Ilichukua muda kabla sijaona kwamba nyumba nzima ilikuwa imezoea kuninyamazia, mama na Mejumaa na hata dereva. Mtu akiwa na haraka siku zote, wenzake huacha kumwambia mambo.

Ndiyo sababu nakushukuru wewe, ambaye tangu una miaka minne hujawahi kuninyamazia. Uliniambia yote, hata nisiyotaka, na ulimwambia imamu mbele yangu kwamba nakoroma.

Basi nikaamua kutengeneza nilipoharibu. Lakini nilikuwa bado mfanyabiashara, na nilitengeneza kama nilivyouza, haraka na mbele za watu. Nilichimba kisima cha saruji huku juu, mbali na chumvi, pale karibu na msikiti ambapo wazee hukaa kucheza bao. Nilipachagua kwa sababu kila apitaye angekiona. Jina langu likachorwa kwa rangi ya kijani. Mbuzi akachinjwa, dua ikasomwa, na wanaume wakatoa hotuba ndefu za shukrani. Miezi miwili baadaye nikakuta akina mama bado wanabeba ndoo kutoka mbali, kwa njia ya mashambani, wakipita nyuma ya kisima changu kama hawakioni. Nikasema yadini kwa sauti kwamba watu wa kwetu hawana shukrani. Mejumaa alikuwa anafunga fito. Bila kuinua kichwa akasema, "Dada, nani atainama kuteka maji mbele ya baba mkwe wake?"

Nimezaliwa hapa, Nimwaka. Hakuna aliyehitaji kunifundisha kwamba mke wa mtu hakatizi mbele ya mkwewe akiwa amejifunga leso kiunoni, seuze kuinama na kamba mkononi huku wazee wote wamekaa wanatazama. Nililijua hilo tangu utoto na nikalisahau siku ya kuchimba, kwa kuwa siku ile nilifikiria macho ya watakaonisifu, sikufikiria mikono ya watakaoteka. Mahali pa kisima cha pili akina mama walipachagua wenyewe, kule nyuma ya minazi. Hakina jina la mtu, na hakikauki watu.

Kile cha kwanza kikabaki cha punda, na wewe ukahamia pale. Ulikuwa na miaka saba. Wenye punda waliwaleta kunywa maji, nawe ukawa unawaosha vidonda vya mgongoni kwa kitambaa ambacho baadaye niligundua kilitoka kwenye leso yangu mpya, ambayo nilikuwa bado sijaivaa. Siku moja ulimwambia mzee wa watu, mbele ya wacheza bao wote, "Shikamoo babu. Huyu punda anaumwa na wewe unajua." Salamu kwanza, kisha kesi. Nilipoletewa habari nilikuchapa, na ulipokuwa unalia ukaniuliza kama punda naye amepata dawa. Nisamehe kwa siku ile. Mzee yule alikuja mwenyewe baadaye kukuomba umwangalie punda wake, na tangu hapo ikawa hivyo kwa kijiji kizima.

Leo unakwenda kusomea udaktari wa wanyama. Kila nikikipita kisima kile namshukuru Mwenyezi Mungu, maana alikichukua kiburi changu akakitengenezea kazi ambayo mimi nisingeifikiria.

Miti nayo nilianza kuipanda vibaya, na hili nalo ungelicheka kama ungekuwa na umri wa kuelewa. Nilikuwa nimekwisha kuacha kukata, yadi naifunga polepole, na nimewaambia watu kwamba nitalirudisha hori lote. Sasa, mtu aliyeuza boriti anaujua mti mmoja kwa moyo wake wote, nao ni mkoko, kwa sababu ndio unaotoa nguzo nzuri. Nikapanda mkoko peke yake, kila mahali, hadi kule mbele kabisa panapopigwa na mawimbi. Nilivuta kamba ili mistari inyooke kama mabunda yangu ya yadini. Maji makubwa ya bamvua, mwezi ulipoandama, yalipokuja yakaizoa yote. Nikapanda tena palepale, mingi zaidi, kwa sababu mfanyabiashara akikosa huongeza mzigo. Bamvua lililofuata likaizoa nayo, na mbegu zangu zikaonekana zinaelea mpaka upande wa Vanga.

Bi Mwanakombo alikuwa majini na kitambaa chake, anatanda duvi wawili watatu waliobaki. Alinitazama mpaka akachoka.

"Mwanasha," akasema, "hapo mbele pana mwenyewe."

"Nani?"

"Mlilana. Ndio unaokaa na mawimbi. Mkoko unakaa nyuma yake, na mkandaa nyuma zaidi huko, penye tope gumu. Wewe umemlaza kila mtu chumba cha mwenzake."

Nilirudi nyumbani nikamsimulia Mejumaa kama mtu aliyeletewa ufunuo. Akaitikia kwa kichwa. Nikamuuliza, "Kwani ulikuwa unajua?" Akasema alijua. Nikamuuliza mbona hakusema. "Hukuniuliza, dada."

Kumbe miaka yote ile yadini, kila lori liliposhusha, Mejumaa aliwauliza wakataji nguzo hii ni mti gani, umetoka wapi, tope lake lilikuwaje, maji yalifika wapi. Alijifanyia chuo chake ndani ya mabunda yangu. Mimi nilimwona anapanga fito.

Tukaenda wote wawili kwa Bi Mwanakombo kuomba tufundishwe. Alitoa sharti moja. Akaniambia, "Zamani ulikuwa unasimama ukingoni unaamrisha. Sasa vua viatu." Nikavua. Nilizama mpaka magotini, nikaanguka mara ya kwanza kabla sijapanda hata mche mmoja, na wale akina mama ambao niliwakatia chakula chao walicheka mpaka wengine wakakaa majini. Kisha wakanivuta mikono wakanisimamisha. Sijui kama mimi ningemvuta mtu aliyenifanyia vile. Wao walinivuta, na mengine yote unayoyaona, kikundi, bustani ya miche, mikopo midogo ya akina mama, wasichana tunaowalipia shule, yametoka katika siku ile. Watu wanadhani nimewasaidia. Waulize nani alikuwa kwenye tope.

Si kila kitu nilikiwahi. Duvi wamerudi na hori limefunika, lakini kisima cha bibi yako hakijawa kitamu mpaka leo, na alifariki akinywa maji ya kubebewa. Hilo nitakwenda nalo.

Sasa nirudi kwenye neno lako.

Ulipolisema, kabla sijaogopa, nilifurahi. Ningeweza kukuficha, na ningeonekana mama bora, lakini nilifurahi. Nilikuona umekwisha kukaa kwenye bustani ya miche, wageni wanasema umefanana na mimi, na jioni unarudi hapa nyumbani unaniambia kila kitu. Niliteleza kwenye mzizi miezi mitatu iliyopita na daktari amesema topeni sirudi tena, na tangu hapo nina woga ambao sijamwambia mtu, woga wa kukaa kitini huku watu wanasahau nilikuwa nani. Ukanipa dawa ya woga huo juu ya sahani ya wali. Furaha hiyo ilinikaa kwa muda wa tonge moja. Kisha nikamwona Mejumaa anainuka kufuata maji.

Alasiri hiyohiyo, ulipokwenda kuwatazama mbuzi wa jirani, nilijikokota mpaka jikoni. Mejumaa alikuwa amekaa juu ya mbuzi anakuna nazi. Nikashika mlango, maana kusimama kulikuwa kunaniuma.

"Mejumaa, nilikunyima chuo."

Akaendelea kukuna.

"Nilikuambia mwaka mmoja, na siku ileile nilijua hautakuwa mmoja."

Mkono wake ukasimama. "Ulijua?"

"Nilijua."

Aliigeuza nazi mkononi. Mwisho akasema, "Hilo ndilo nililotaka kulijua. Miaka yote nilikuwa najiuliza kama ulisahau au ulijua." Akachukua kizio kingine cha nazi. "Umechelewa, dada. Lakini nimesikia. Hebu nipe lile chujio."

Nikampa chujio. Sijui kama ule ulikuwa msamaha, na sikumuuliza. Nimeupokea kama ulivyo, na nashukuru hata kwa hilo la kusikiwa. Kabla sijatoka nikamuuliza kitu ambacho, nakuapia, sijapata kumuuliza tangu tuzaliwe. Nikamuuliza anataka nini. Aliniangalia kama nimezungumza lugha ya kigeni. Akasema atanijibu asubuhi.

Unajua leo asubuhi kulikuwa na mkutano wa kikundi, wa kumchagua mwenyekiti mpya kwa sababu ya mguu wangu. Kabla hatujatoka nyumbani, Mejumaa akaja na chai yangu akasimama. "Nataka uenyekiti," akasema. "Siutaki kwa kukusaidia. Nautaka uwe wangu, na nikikosea nikosee mimi. Na lile bango la mlangoni pa kikundi lenye jina lako, liondolewe." Nikamwambia haya. Uenyekiti sikuuonea uchungu. Bango liliniuma, nisiseme uongo.

Lakini mkutanoni mambo yalikwenda upande mwingine. Bi Mwanakombo, ambaye sasa anaongozwa mkono lakini sauti haijazeeka, alisimama kabla yetu. Akasema, "Mwanasha anaye mtoto. Nimwaka amekulia katika tope hili, tena nasikia amesema atabaki. Tutafute mbali kwa nini?" Vigelegele vikapigwa. Wengine walikuwa wamekwisha kuinuka kuja kunipongeza. Jina lako lilikuwa limepita, mwanangu, bila kura, na kama ningenyamaza tu, kunyamaza peke yake, ungekuwa wangu.

Nikasimama na mkongojo wangu nikasema, "Simtaki."

Bi Mwanakombo akageuza uso kunitafuta. "Humtaki mwanao?"

"Simtaki hapa. Nimwaka hatofautishi mti wa mkandaa na wa muia. Mwaka jana alipanda mbegu zimetazama chini, safu nzima, na mmoja wenu alizigeuza asione haya. Mnampenda kwa sababu ni wangu, na mimi namtaka kwa sababu ninaogopa kukaa peke yangu. Hakuna hata mmoja wetu anayemfikiria yeye." Walicheka pale penye mbegu, kwa kuwa ni kweli, na wanaojua ni nani aliyezigeuza walicheka zaidi. Nikawaambia, "Anayeijua kazi hii tunaye. Amekaa pale nyuma, na amekaa nyuma kwa sababu mimi ndiye niliyemweka huko."

Wakageuka wote kumtazama Mejumaa. Hakuinama wala hakujifunika uso kama nilivyodhani. Alisimama, akatengeneza ushungi, akasema, "Naam, nipo." Mikono ikanyooshwa, na nilipouona mkono wa Bi Mwanakombo umenyooka juu, nililia mbele za watu, mimi ambaye hata msibani huwa najikaza.

Kwa hiyo umekataliwa, Nimwaka, na aliyekukataa ni mamako, hadharani. Habari hii ingekufikia kesho kabla hujavuka Likoni, nayo ingekuwa imetiwa chumvi ya kutosha. Nimetaka uipate kwangu, na ndiyo maana Mejumaa anakuzungusha madukani kutafuta sweta ambayo nadhani aliiona tangu duka la kwanza. Nimemfunga mdomo mpaka usome.

Ukikasirika, kasirika. Una haki. Ningeweza kukuita tu, nikakusihi uende, nawe ungeniangalia mguu ukakataa kwa upole. Tena ninajijua. Ningekuachia mlango huu wazi, siku moja ningeutumia. Mvua ingenyesha, goti lingeuma, ningekupigia simu kwa sauti ya huruma nikakuambia njoo kidogo, na wewe ungekuja, kwa sababu una moyo wa mamako mdogo. Miaka kumi na moja baadaye tungekuwa jikoni, wewe unakuna nazi na mimi nimeshika mlango. Nimeogopa siku hiyo kuliko ninavyoogopa upweke. Nimeufunga mlango wenyewe mbele ya mashahidi, ili hata mimi nisiweze kuufungua.

Wala usidhani sikuiona thamani ya ulichokitoa. Wewe ulisema utabaki bila kuombwa, na Mejumaa alibaki kwa kuombwa, na mimi katika maisha yangu yote sijawahi kubakia mtu. Namshukuru Mungu aliyeniweka katikati yenu nyinyi wawili. Ahsante, mwanangu. Nimelipokea neno lako, na sitalitumia.

Nenda ukawasome hao wanyama wako. Mguu wangu hauhitaji daktari wa punda. Ukimaliza ukataka kurudi pwani, karibu kwenu. Ukitaka kukaa Turkana na ngamia, kaa, nami nitakuja kukutembelea na nitalalamika njia nzima. Hapa Majoreni kazi yako imekwisha kuchukuliwa na mwenye kuistahili. Uwana wako haukupigiwa kura na hakuna wa kuuchukua.

Mungu akutangulie unakokwenda, nasi atuhifadhi huku.

Mimi mamako,

Mwanasha, tangu leo asubuhi mwanachama wa kawaida, ambaye mwenyekiti mpya amekwisha kumpangia Jumamosi kujaza udongo kwenye vifuko vya miche, akiwa amekaa kitini, na ameambiwa asichelewe.